Ramani Iliyohamisha Jabali

Mimi ni mtu wa nyumbani. Naliweka hili mbele ili msije mkanipa ushujaa usio wangu. Niliomaliza nao kidato cha nne walitawanyika: mmoja yuko Manyoni anauza vipuri vya pikipiki, mmoja anaendesha lori mpaka Kongo, mmoja ni askari magereza. Mimi nilirudi kwa bibi yangu, mama yake mama, kwenye kijiji kilicho ndani kidogo ukishapita Issuna, nikasukuma begi chini ya kitanda, na begi bado liko hapohapo. Bibi huwaambia wageni, "Huyu ndiye mume wangu. Asubuhi kuku wanatoka, yeye anabaki kulinda banda." Wageni wanacheka, mimi nawaletea viti.

Kazi ya picha za rada niliipata kwa tabia hiyohiyo. Kijiji chetu kilikuwa kimetenga kichaka kikubwa kinachozunguka jabali kiwe hifadhi ya kijiji: hakuna kulima, hakuna kuchoma mkaa, mizinga ya nyuki tu ndiyo inaruhusiwa. Baadaye wakaja wataalamu kuifundisha kamati ya ardhi namna ya kukilinda kwa picha za setilaiti. Sikuwa mjumbe. Niliitwa kuandika mahudhurio kwa sababu nina mwandiko mzuri. Siku ya pili wajumbe wote wakapelekwa porini kujifunza kuchukua vipimo kwa simu, jua la saa saba, na mimi nikajitolea kwa moyo mkunjufu kubaki darasani kulinda mabegi. Kumbe na mtaalamu mmoja alikuwa amebaki, tumbo linamsumbua. Kati ya safari zake za chooni alinifungulia laptop akanionyesha picha za kijiji chetu zilivyo huko juu. Niliuliza maswali kwa kuwa sikuwa na pa kwenda. Jioni aliwaambia wenzake kwamba nina utulivu. Nyumbani kwetu utulivu huo una jina lingine.

Walipoondoka waliacha laptop moja iliyokwisha kutumika na mwongozo uliochapwa na kufungwa kwa waya. Kamati ikajadili nani akae na vitu hivyo. Mjumbe mmoja akasema apewe mtu asiyetoka, maana mwizi atamkuta yupo. Hoja ilipita bila mpinzani.

Niwaeleze kidogo jinsi mambo haya yanavyokwenda, maana bila hivyo hamtaelewa nilivyoharibu. Picha ya rada si kama ya kamera. Setilaiti inapita huko juu, inatuma mawimbi yake yenyewe ardhini, halafu inasikiliza kinachorudi. Haihitaji jua, na mawingu ya masika hayaizuii. Bibi nilimweleza kwa punje za mtama. Ukirusha mtama kwa ubavu kwenye sakafu ya saruji, punje zinateleza kwenda mbele, hairudi hata moja. Mahali kama hapo kwenye picha panakuwa peusi. Ukiurusha kwenye kichaka, punje zinagonga matawi, zinarukaruka, na baadhi zinakurudia usoni, hapo panang'aa. Kwa hiyo kichaka kikifyekwa, mahali palipokuwa paking'aa panafifia. Ukichukua picha ya zamani na ya sasa ukazilinganisha, unaona palipofyekwa. Bibi alisikiliza mpaka mwisho, kisha akauliza kwa nini nachezea mtama.

Mwongozo ulieleza hayo na mengine mengi, kurasa mia na zaidi, kwa Kiingereza cha watu waliokwenda shule wakakaa hukohuko. Kiingereza changu cha mtihani kilikuwa D. Nilisoma kurasa kumi na tisa za mwanzo, penye michoro, nikafika kwenye hatua za kulinganisha picha mbili, nikaona yatosha. Yaliyofuata niliyachukulia kama yale maneno ya kwenye karatasi ya dawa, ambayo mgonjwa haulizwi.

Mwezi wa pili mwaka uliofuata, alizeti zikiwa zimefika magotini, kamati ikataka ramani. Swali lilikuwa moja: tangu kichaka kitengwe, nani amefyeka ndani yake? Nikachukua picha moja ya mwaka wa kutenga na nyingine ya juzijuzi, nikalinganisha, nikaagiza kompyuta ipake nyekundu palipofifia na kijani palipong'aa zaidi. Ramani ikatoka nzuri ajabu. Niliweka flashi kwenye bahasha, nikaikabidhi kwa kondakta wa basi la Singida mjini, ikarudi karatasi kubwa ya rangi. Hata kuchapa sikwenda mwenyewe.

Mwenyekiti wa kamati ni mama mwenye duka la mbegu na dawa za mifugo, mtu asiyepoteza maneno. Aliitandaza ramani juu ya meza ya ofisi ya kijiji, wajumbe wakaizunguka, akaweka kidole kwenye wekundu.

"Hapa chini ya jabali, upande wa machweo. Ni shamba la nani?"

Nilijua ni la nani. Mafuta yaliyokaanga yai langu la asubuhi yalitoka humo.

"La bibi yangu."

"Lote jekundu."

"Ndiyo, mama mwenyekiti."

"Kwa hiyo bibi yako amefyeka hifadhi, shamba zima."

"Ramani inasema hivyo," nikasema. Mpaka leo nikikumbuka sentensi ile nasikia joto masikioni. Nilikaa kwenye kiti cha ofisi nikamshitaki mwanamke anayenipikia, na nilichokuwa nikikisikia moyoni wakati ule, Mungu anisamehe, ni fahari kwamba mashine imefanya kazi.

Aliyeniokoa ni mjumbe mmoja, mzee mfugaji, ambaye alikuwa ameinama juu ya karatasi kwa muda mrefu kama anatafuta ng'ombe wake humo.

"Kijana, hii kijani ni nini?"

"Hapo pameota miti, mzee. Zamani hapakuwa na kitu, sasa pana kichaka."

"Hapa ni juu ya jabali, upande wa mawio."

"Ndiyo."

"Mbuzi wangu wanapumzika hapo kila siku. Ni mwamba mtupu. Huo msitu umeota lini, na mbona mbuzi hawajauona?"

Wakacheka. Nikaangalia vizuri, na kwa mara ya kwanza niliiona ramani yangu jinsi ilivyokuwa. Upande wote wa machweo, jabali pamoja na mashamba ya chini yake, ulikuwa mwekundu. Upande wote wa mawio ulikuwa wa kijani. Kwa mujibu wa kazi yangu kilima kizima kilikuwa kimejivuta kuelekea mashariki.

"Jabali limehama," mzee akasema taratibu, na hapo hata mwenyekiti alifunika mdomo kwa kanga.

Lakini yeye alikuwa wa kwanza kuacha kucheka. "Mkutano wa kijiji ni baada ya siku tisa," akasema. "Sheria ndogo mnaijua. Aliyefyeka ndani ya hifadhi anaondoka shambani, na kilichomo anakiacha. Sitamtoa mtu kwa ramani inayootesha miti juu ya mwamba. Na sitaikunja nikaiweka kabatini kwa sababu anayetajwa ni bibi yako, watu wameshaiona. Lete nyingine. Uje useme umeitengenezaje, hatua kwa hatua, mbele ya wote."

Habari zilifika nyumbani kabla yangu, nami nilikuwa nimekuja moja kwa moja. Bibi alinikuta karibu na banda la kuku.

"Mume wangu, nasikia umenipeleka serikalini."

"Bibi, si mimi. Ni ramani."

"Ahaa. Na jana usiku ramani ilikula nini?"

Nikaanza kufunga mlango wa banda uliokwisha kufungwa.

"Shamba lile babu yako alilisafisha kwa shoka, mama yako nikiwa nimembeba mgongoni," akasema. "Kaiambie." Akaenda zake kuchuja mafuta.

Kijijini nikawa kitu cha kuchekesha watu kabla ya chakula. Nilipokwenda dukani kununua vocha, waliokaa kwenye benchi walinisalimia kwa adabu, kisha mmoja akauliza jabali limefika wapi. Mwenzake akajibu kwa niaba yangu kwamba limeomba uhamisho kwenda Manyoni, linamfuata mume. Nilicheka nao. Ningefanya nini, na ulikuwa utani mzuri. Lakini nikirudi njiani nilikuwa nahesabu siku, na kila nikihesabu naona alizeti za bibi, ekari nne, zikiwa hazijachanua hata moja.

Siku ile nikafanya jambo ambalo sijawahi kulifanyia kitabu chochote, hata cha dini. Nilifungua mwongozo ukurasa wa kwanza kwa nia ya kufika wa mwisho. Nilikuwa na kamusi isiyo na jalada, daftari la mistari, na kalamu mbili. Neno nisilolijua nililiandika kushoto, maana yake kulia. Maneno mengine kamusi ilikuwa haijawahi kuyasikia, nikayaacha na alama ya kuuliza na kuendelea mbele, na mara nyingi kurasa tatu baadaye mwongozo wenyewe ulikuwa unayafafanua, kama mtu anayetaja jina la mgeni kwanza halafu ndiyo anamtambulisha. Bibi alipita mara ya kwanza akaniona nimeinama, akapita mara ya nne akanikuta nimeinama vilevile. Kisha akaniwekea chai.

Siku ya pili mchana nikakuta ugonjwa.

Jina la kila faili la picha hizo ni refu kama treni ya mizigo, herufi na tarakimu behewa baada ya behewa. Nilikuwa nanakili jina zima bila kujiuliza limebeba nini. Mwongozo ukalifungua behewa moja moja. Hili ni aina ya picha. Hili ni tarehe. Na hili linalofuata ni saa ambayo setilaiti ilipita, ila kwa saa za Uingereza, kwa hiyo sisi tunaongeza saa tatu. Nikaongeza. Picha yangu ya zamani ilipigwa saa kumi na mbili na nusu jioni. Picha yangu ya sasa ilipigwa saa kumi na mbili asubuhi.

Sasa ukurasa wa mbele yake. Asubuhi setilaiti inatoka kaskazini inakwenda kusini. Jioni inatoka kusini inakwenda kaskazini. Na nyakati zote mbili inaangalia upande wake wa kulia, haigeuzi shingo. Maana yake asubuhi inatutazama kutokea mawio, na jioni kutokea machweo. Uso wa jabali unaoielekea unang'aa, uso wa pili unafifia. Mimi nilikuwa nimempiga mtu picha shavu la kushoto, nikampiga tena shavu la kulia, nikazilinganisha, nikatangaza mbele ya kamati kwamba sikio lake limeibiwa.

Ilikuwa imeandikwa. Imewekewa mpaka kisanduku pembeni kwa wino mzito: usilinganishe picha za njia tofauti. Ukurasa wa arobaini na mbili. Mimi nilikuwa nimeishia wa kumi na tisa.

Nilikaa kidogo na aibu hiyo, kisha nikaendelea kusoma, maana nilishajua sasa kwamba ubavuni mwa kosa moja nitakuta mengine. Nayo yalikuwepo. Udongo uliolowa unang'aa kuliko mkavu, hivyo huwezi kulinganisha picha ya masika na ya kiangazi; nilikuwa nimefanya hivyo pia. Picha moja peke yake ina madoadoa kama chumvi na pilipili, hivyo unachukua nyingi za msimu mmoja na kuzipatia wastani. Nilikuwa nimetumia moja moja. Kwa kweli katika makosa yote waliyoonya watu wasiyafanye, sikumbuki nililoliruka.

Nikaanza upya. Picha za jioni tu, njia ileile, miezi ya kiangazi tu, kila mwaka kuanzia wa mwanzo kabisa kwenye ghala lao la picha mpaka kiangazi kilichopita. Kompyuta kubwa za huko mbali ndizo zinazofanya kazi nzito, wewe unatuma maagizo tu, lakini maagizo yenyewe yanataka mtandao, na kwetu mtandao unashika vizuri sehemu moja: ubavuni mwa banda la kuku. Nikahamishia meza huko. Wingu likitanda, sola inalegea na laptop inazima, nasubiri. Kuku wakipanda juu ya meza nawashusha. Siku nne nilikuwa pale kuanzia umande unapokauka mpaka jua linapoelemea jabali. Sikumbuki kuwahi kuitaka kazi nyingine yoyote namna ile. Nilikuwa nimewasha moto kwenye nyumba ya mtu, na ndoo ilikuwa mkononi mwangu.

Siku ya sita picha zikakaa sawa. Nilizipanga mwaka baada ya mwaka. Jabali likatulia mahali pake, halitikisiki. Na chini yake shamba la bibi, kila kiangazi, lilikuwa lilelile: peusi palipo wazi, limenyooka kingo zake, lipo kabla hifadhi haijatajwa na lipo sasa. Nilitaka kupiga kelele. Nikasogeza uso karibu na kioo kuhesabu miaka tena, na hapo nikauona ukanda.

Ulikuwa kwenye ukingo wa juu wa shamba, unapogusana na kichaka. Miaka yote ya mwanzo ulikuwa unang'aa, kichaka kizima. Kiangazi kimoja baada ya kijiji kutenga hifadhi, ukafifia, na haukung'aa tena. Upana wake kama hatua arobaini, urefu wake shamba zima.

Nikarudi kwenye mwongozo nikitafuta mahali pa kujificha. Labda ni udongo uliolowa: hapana, kiangazi. Labda ni kivuli cha jabali: hapana, njia ileile. Labda ni madoadoa: hapana, wastani wa picha kumi. Kitabu kilichokuwa kimeniumbua kwa kutokukisoma sasa kiliniumbua kwa kukisoma.

Nikamwita bibi. Alikuja akipangusa mikono, akasimama nyuma yangu.

"Shamba lako liko sawa, bibi. Miaka yote. Ila hapa juu, huu ukanda."

Aliutazama muda mrefu kuliko nilivyodhani ataweza kuitazama picha ile nyeusi na nyeupe.

"Upana gani?"

"Kama hatua arobaini."

"Thelathini na nane," akasema.

Kuku waliendelea na mambo yao.

Akavuta kinu kilichogeuzwa, akakaa. Akanieleza bila kuomba msamaha. Mvua kubwa ya masika ya mwaka uleule ilichimba korongo chini ya shamba, ikaondoka na udongo mzuri, sehemu ambayo babu alikuwa akiipenda. "Ardhi ilinikimbia kwa chini," akasema, "nikaifuata kwa juu." Aliomba vijana wawili wamsaidie mizizi, shoka alishika mwenyewe. Mimi nilikuwa wapi? Nilikuwa nyumbani, nalinda banda. Korongo lenyewe sijawahi kuliona.

"Ufute," akasema.

"Siwezi, bibi."

"Huwezi au hutaki?"

"Naweza. Ni kubonyeza tu. Sitaki."

"Mimi ni nani kwako?"

"Nikiufuta, ramani nzima inakuwa ya uongo. Halafu mtu mmoja atapanda huko juu ataviona visiki, na hapo hata shamba lako la haki hawataliamini. Wameshanicheka mara moja. Mara ya pili hawatacheka."

"Na wakinitoa lote?"

"Sijui," nikasema, na ilikuwa kweli. Sheria ndogo haikutaja ukanda wala hatua. Ilisema shamba.

Aliinuka akaenda. Kwa siku zilizobaki aliniita "bwana mtaalamu". Chakula kililetwa, maji ya kuoga yalichemshwa, salamu zilijibiwa, lakini mume wake sikuwa tena, na sikujua nyumba ile inaweza kuwa kubwa kiasi kile. Niliandika maelezo yangu hatua kwa hatua kama mwenyekiti alivyotaka, nikayasoma kwa sauti kwa kuku, nikayafupisha.

Siku ya mkutano ua wa ofisi ya kijiji ulijaa. Nadhani wengine walikuja kwa ajili ya jabali. Nilisimama mbele na karatasi mbili, ramani ya zamani na mpya, na mzee mfugaji akaja kunishikia upande mmoja.

Nilianza na makosa. Nikasema ile ya kwanza niliitengeneza kwa kusoma kurasa kumi na tisa za kitabu cha kurasa mia na zaidi. Nikaeleza asubuhi na jioni, shavu la kushoto na la kulia. Kicheko kilikuwa kikubwa, na safari hii niliona kinanisaidia, maana walikuwa wanaelewa. Mtu wa nyuma akauliza kama jabali sasa limerudi. Nikasema limerudi na limeomba radhi. Kisha nikaonyesha shamba la bibi, miaka yote, likiwa palepale kabla ya hifadhi. Watu wakaitikia kwa vichwa. Ningeweza kukaa chini hapo. Mwili wote ulitaka kukaa.

"Na hapa," nikasema, nikaweka kidole. "Ukanda huu wa juu ulifyekwa baada ya kutenga. Upana kama hatua arobaini."

Mwenyekiti hakuniangalia mimi, alimtafuta bibi kwa macho mahali walipokaa wanawake.

"Mama, umesikia?"

Bibi akasimama, akafunga kanga upya, hakuharakisha. "Nimesikia. Ni thelathini na nane. Nilipima kwa miguu. Huyu anapima kwa kuku." Watu wakaangua kicheko, naye akasubiri kiishe, akaeleza korongo, alivyosogea juu, na kwamba alijua anaingia ndani ya hifadhi. Akaketi.

Mtu mmoja akainuka kusema sheria ni sheria, aliyevamia aondoke, la sivyo kesho kila mwenye korongo atapanda mlimani. Alikuwa na hoja, na wengine walimuunga mkono. Nilimtazama bibi, naye alikuwa anatazama ardhi. Mzee mfugaji akaomba nafasi, bado ameshika ncha ya karatasi yangu.

"Huyu kijana analala kwa huyo mama," akasema. "Ugali anapewa na huyo mama. Ukanda huo hakuna kati yetu aliyekuwa anaujua. Kautoa yeye. Sasa tukimnyang'anya shamba zima, mwakani mnadhani nani atatuletea ramani yenye ukweli wa nyumbani kwake?"

Walibishana nusu saa hivi. Mwishowe mwenyekiti akaitisha kura ya mikono, na mikono mingi ikapanda: shamba lililokuwepo kabla ya hifadhi sheria haiwezi kulirudia nyuma, linabaki la bibi, na liandikwe. Ukanda anaurudisha. Alizeti zilizomo avune kwa mara ya mwisho, kisha asipande tena, na nguzo zisimikwe.

"Wewe mwenye ramani," mwenyekiti akaniambia, "utatuonyesha mstari unapita wapi."

Ikabidi niseme jingine lililokuwa kwenye mwongozo. Kila kidoa cha picha zile ni mita kumi kwa kumi, na hata hapo pengine kimekaa pembeni kidogo. Ramani ingeweza kuonyesha kwamba ukanda upo. Nguzo isimame hapa au hatua tano pale, haijui.

"Basi mtapanda mkaangalie kwa macho," akasema.

Tulipanda mwezi wa sita, alizeti zikiwa zimevunwa na mabua yamelala. Tulikuwa wanne: mwenyekiti, mzee mfugaji, bibi, na mimi niliyebeba nguzo na kuhema kuliko wote. Nilipita kwenye korongo lile njiani. Mtu angeweza kusimama ndani yake usimwone. Nilisimama pale nikalitazama mpaka bibi akaniita.

Tulipofika ukingo wa juu nilitoa simu, nikasoma vipimo, nikasogea huku, nikarudi kule. Bibi alinitazama kidogo, kisha akatupita akaenda kusimama karibu na kisiki cha mgunga kilichokuwa kimegeuka kijivu, kimefika kiunoni kwake.

"Hiki ni cha babu yako," akasema. "Alikuwa mrefu, mgongo ulimsumbua, alikuwa hainami. Visiki vyake vyote ni vya juu hivi, na ukingoni mwa shamba lake aliviacha vyote." Akasogea hatua chache upande wa jabali, akagusa kwa mguu kisiki kilichokatwa usawa wa kifundo, kingali na wekundu wa ndani. "Hiki ni changu. Mimi nainama."

Mzee mfugaji alivitazama vyote viwili, akatikisa kichwa kukubali. Hakuna aliyehitaji simu yangu tena. Tukafuata visiki virefu kimoja baada ya kingine, na mbele ya kila kimoja nikasimika nguzo, nikigonga kwa jiwe, na mwenyekiti akiandika.

Karibu na mwisho, visiki virefu vikakatika. Labda mchwa, labda moto wa zamani. Nikasimama na nguzo mkononi. Bibi alitazama nguzo ya nyuma, akatazama kona ya shamba, akapima mstari kwa jicho, akasimama mahali. Kisha akafikiri, akashuka hatua mbili ndani ya shamba lake mwenyewe.

"Bibi, hapo si umejipunja?"

"Mume wangu," akasema, "piga."

Nikapiga.